Futi Kumi na Nne za Shangazi Mwamvua

Jumatatu, 11 Oktoba 1954. Kibiti.

Tumefika saa nane mchana. Tairi limepasuka mara mbili njiani. Huseni hakushika jeki hata mara moja – anasema mtangazaji hachafui mikono kwa grisi.

Chumba changu ni ghala ya nyuma ya duka la Champsi. Zamani ziliwekwa korosho humo. Nimepangusa kuta kwa kitambaa kibichi mara tatu, nikanyunyizia maji sakafu. Vumbi ndilo adui yangu. Punje moja ikinasa kwenye filamu, kwenye pazia la sinema inaonekana kubwa kama jiwe. Nimetundika waya kutoka ukuta hadi ukuta na kupachika vibanio vya nguo. Kila kipande cha filamu kitaning'inia kwenye kibanio chake, na chini kuna kapu lenye shuka jeupe ili ncha zisiguse sakafu. Mkasi, wembe, gundi. Mashine ya kutazamia, yenye kioo kidogo kama kiganja. Nimeridhika.

Bwana Heslop, mkuu wa sinema yetu ya serikali na mpiga picha, anataka filamu ikatwe hapa hapa, si Dar es Salaam. Ikikosekana picha, anachukua kamera na kuifuata siku hiyo hiyo. Ni filamu ya shamba la mfano kule Mkongo – trekta, mpunga, maendeleo. Haina sauti. Huseni ataisomea maneno kwenye kipaza sauti cha gari la sinema. Tarehe 20 Novemba ionyeshwe Mkongo mbele ya Bwana DC, mkuu wa wilaya.

Mkongo! Kwetu kwa upande wa baba. Sikumwambia Bwana.

Miaka sita sasa katika kazi ya sinema. Nilianza kwa kufagia chumba cha kukatia. Nikawa naokota vipande vilivyotupwa, navitazama kwenye dirisha, navipanga kichwani. Siku moja mzee wa Kizungu aliyekuwa akikata wakati ule alinikuta, akanipa gundi badala ya kunifukuza. Tangu hapo nimekata filamu za chanjo, za mashimo ya choo, za pamba, za kuogesha ng'ombe. Kwenye karatasi za ofisi mimi bado ni "msaidizi". Bwana Heslop amesema hii ikienda vizuri ataandika barua niitwe mkataji. Nalitaka neno hilo. Nalitaka sana.


Alhamisi, 14 Oktoba

Makopo kumi na moja ya filamu yamekuja na basi, picha zimesafishwa Dar es Salaam. Nimeanza kutazama asubuhi.

Kopo la nne. Trekta linakwenda, linarudi. Mabwana wamevaa kofia. Halafu mwanamke mzima amesimama pembeni mwa shamba, kanga kifuani, ungo mkononi. Nikazungusha mpini polepole. Nikarudisha.

Shangazi Mwamvua.

Sijamwona mwaka wa tatu huu. Sikujua kama amepigwa picha. Anazungumza na kamera kama anavyozungumza na mtu aliyekanyaga miche yake. Mkono wa kulia anaunyoosha nyuma ya trekta, mbali, anaurudisha, anaonyesha nyumba. Tena nyuma. Tena nyumba. Futi kumi na nne nzima – kama nusu dakika.

Sauti hakuna. Lakini anasema Kindengereko, lugha ya kwetu, na mdomo wa shangazi nimeutazama tangu sijajua kutembea. Nimepata "maji". Nimepata "nyumba", mara mbili. Mengine yamenipita kwa sababu anageuza uso.

Kwenye daftari la Bwana imeandikwa: bibi mkulima, anashukuru.


Ijumaa, 15 Oktoba

Baada ya sala nimemuuliza Huseni. Yeye ndiye aliyekuwa mkalimani siku ya kupiga picha. Nikamuuliza yule bibi mwenye ungo alisema nini.

Akasema alifurahi, akashukuru, kama wote.

Nikamuuliza kama anajua Kindengereko. Akasema hakijui, lakini uso wa mtu mwenye furaha anaujua.

Sikumwambia ni shangazi yangu. Sijui kwa nini. Naona nikisema, Bwana atampa mtu mwingine makopo haya.


Jumanne, 19 Oktoba

Mkato wa kwanza umekamilika, kama alivyotaka Bwana. Trekta. Shamba kubwa. Bibi anashukuru. Watoto wanapunga mikono. Imejaza rili mbili, magurudumu mawili ya filamu.

Ambaben, mke wa Champsi, ameniletea chai akasimama mlangoni. Amezaliwa Kibiti hapa hapa, Kiswahili chake kinapita cha Huseni. Ameomba kutazama. Nikampa kiti, nikamkumbusha asiguse meza. Hajui hata neno moja la Kindengereko. Nikafikiri: vizuri, huyu ataona picha tupu.

Alipofika kwa shangazi akasogeza uso kwenye kioo.

"Huyu mama ana ugomvi na mtu," akasema. "Nani kamkosea?"

Nikamwambia maneno yatasema anashukuru.

"Anashukuru nani, kwa mkono ule?"

Akachukua kikombe akaenda dukani. Mimi nikarudisha kipande, nikautazama mkono ule.


Jumatano, 20 Oktoba

Barua ya mke wangu Fatu. Mtoto ameota jino la pili. Anauliza nitarudi lini.


Jumamosi, 23 Oktoba. Chumbi.

Tumevuka kwa pantoni saa tano. Bwana alitaka kuijaribu filamu mahali pengine kabla ya Mkongo. Pazia tulilifunga kati ya minazi miwili, tukaanza magharibi ilipokwisha. Watu mia tatu labda. Wanaume kulia, akina mama kushoto.

Rili ya kwanza salama. Huseni ana sauti nzuri, lazima niseme. Inajaa uwanja.

Rili ya pili, shangazi akatokea. Huseni akasoma: "Bibi huyu anaishukuru serikali kwa kumletea trekta."

Halafu kule kwa akina mama mmoja akacheka. Halafu wengi. Halafu wote. Wanaume wakaanza kumfuatisha shangazi kwa sauti, neno kwa neno, wanasoma mdomo wake kama mimi – ila wao ni mia tatu, na kila mmoja anaokota neno lililompita mwenzake. Mzee mmoja akasimama akasema kwa Kiswahili, taratibu, kama anamsaidia Huseni: "Bwana, huyo anasema mmeuzibia mto mlango wake."

Wakataka irudishwe. Wakasema tena, tena.

Huseni alisoma mpaka mwisho. Hakuruka neno. Lakini jasho lilimtoka mpaka kola ikalowa.


Jumapili, 24 Oktoba. Kibiti.

Bwana ameniita asubuhi. Hakukasirika, alikuwa amechoka. Akasema: yule bibi mtoe. Futi kumi na nne tu, hakuna atakayejua.

Kutoa ni rahisi. Mikato miwili, tone la gundi, unahesabu kumi. Nimewatoa watu wengi kwenye filamu. Watu wazuri, waliokaa vizuri, waliosimama juani nusu siku wakidhani wataonekana. Sijawahi kukosa usingizi kwa ajili yao.

Nikamwambia, "Bwana, Mkongo wote walimwona akipigwa picha. Asipoonekana watauliza yuko wapi. Itakuwa kama Chumbi, pengine kuzidi."

Akafikiri. Akauliza nataka nini.

Siku nne, nikasema. Nijue anasema nini hasa.

Akanipa tatu na baiskeli ya ofisi.

Huseni hajatoka chumbani kwake leo. Chakula amekirudisha.


Jumatano, 27 Oktoba. Mkongo.

Lori mpaka Ikwiriri, halafu baiskeli. Mchanga mwingi, nimeisukuma zaidi ya kuipanda.

Shangazi nimemkuta uani anapepeta. Ungo ule ule.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Umekonda. Kazi ya sinema haina chakula?"

Nilikula kwanza. Alinikatalia kusema lolote kabla sijamaliza wali. Kisha akaniuliza kazi yangu hasa ni ipi, maana kaka yake mpaka anakufa alikuwa akiwaambia watu mwanawe anacheza sinema.

Nikamwambia nakata picha.

"Unakata unatupa?"

"Nakata naunga. Hiki hapa, kile pale, mpaka kiwe kitu kimoja."

"Kama kushona mkeka."

"Hasa."

"Basi ungesema tangu mwanzo. Kushona mkeka ni kazi."

Nikamweleza habari ya Chumbi. Hakucheka. Alinyanyuka, akajifunga kanga, akaniambia nimfuate.

Tukatembea kama nusu saa hadi shamba la mfano. Udongo umegeuzwa, mweusi, umenyooka kama shuka. Kazi nzuri kweli, yeye mwenyewe amesema trekta linalima vizuri. Akanipeleka kwenye mivumo miwili, miti mirefu kama minazi, iliyoinamiana. Akaniuliza nakumbuka nini hapo.

Nikakumbuka. Mkondo. Mto ukijaa, maji yaliingia hapo kati ya mivumo, yakazunguka nyuma ya kijiji, yakamwagikia ziwani. Tulipita hapo kwa mtumbwi na baba. Sasa hakuna mkondo. Pamesawazishwa, shamba moja.

"Wametaka shamba liwe refu," akasema. "Nimewaambia. Nimesema Kindengereko, jambo zito nalisema kwa lugha yangu, lakini sikuwatukana. Nimewaambia, maji haya yalikuwa na mlango. Mkiyazibia yatatafuta mlango mwingine, na mlango mwingine ni nyumba za watu. Zile pale, thelathini na mbili. Masika hawatalala humo. Nikawaambia wachimbe tena hapa tu, hatua ishirini, trekta lao litafanya kwa siku moja. Yule kijana mwenye sauti akaitikia, akasema asante bibi, asante."

Nikauliza kama wamemwambia jumbe wa kijiji.

Wamemwambia. Jumbe amemwambia bwana wa shamba, anayeliendesha shamba la mfano. Bwana wa shamba amesema mto umepimwa.

Naandika hapa kibarazani kwake kabla jua halijazama. Nimefanya uamuzi. Simtoi.


Ijumaa, 29 Oktoba. Kibiti.

Nimefungua makopo yote upya. Hata yale Bwana aliyoandika "hayafai". Hayo hasa.

Kopo la kwanza ni la Aprili, kabla sijaingizwa kwenye kazi hii. Bwana alikuja peke yake wakati wa mafuriko, akapiga picha kwa ajili ya uzuri tu – maji, ndege, mawingu. Nimezungusha mpini asubuhi nzima. Ndege. Ndege. Mawingu. Mwanamke juu ya dungu analinda mpunga. Ndege.

Halafu mtumbwi. Watu watatu, mmoja anasukuma kwa upondo. Unatokea kulia, unapita kushoto, unaingia katikati ya mivumo miwili iliyoinamiana.

Nilisimama. Nikakaa tena. Nikarudisha nione kama ni mivumo ile ile. Ni ile ile! Mmoja umekatika kuti upande wa juu. Futi tisa, safi kabisa.

Kopo la sita, Septemba: trekta linapita mahali hapo hapo. Mivumo nyuma yake. Bwana alisimama karibu palepale aliposimama Aprili na hakujua.

Vipande vitatu. Nimevitundika kwenye waya vikiwa jirani. Mtumbwi. Trekta. Shangazi.


Jumatatu, 1 Novemba

Nimekata, nimeunga, nimebandua, nimeunga tena. Siku tatu kwa dakika moja na nusu ya filamu.

Nikiweka shangazi kwanza, anagomba tu. Nikiweka trekta kwanza, watu wanatazama trekta. Sasa iko hivi: mtumbwi unapita kati ya mivumo. Trekta linapita kati ya mivumo. Shangazi ananyoosha mkono – hapo nimemkata katikati. Udongo mkavu, mivumo, hakuna mkondo. Narudi kwa shangazi, mkono unaonyesha nyumba. Nyumba. Akina mama wanatwanga, mbuzi, nguo kwenye kamba. Nimeziacha muda mrefu kuliko ilivyo kawaida, mpaka mtazamaji aanze kuziona.

Nimemwita Ambaben. Sikumwambia kitu. Alitazama mara moja.

Kisha akauliza, "Maji yatapita wapi?"

Nikamuuliza maji gani, mimi sijaonyesha maji yakiingia popote.

"Umeonyesha," akasema. "Yatapita kwa hao wanaotwanga. Mshamu, hao watu wameambiwa?"

Nimefanya kazi hii miaka sita. Leo ndiyo mara ya kwanza kumwona mtu anaona kitu ambacho hakimo kwenye kipande chochote, kimo tu pale vinapokutana. Nikasahau kufunika gundi.


Jumatano, 3 Novemba

Bwana ametazama. Mara tatu. Mara ya tatu alizungusha mpini mwenyewe.

"Hii siyo filamu niliyotumwa kutengeneza," akasema.

"Ni picha ulizopiga wewe mwenyewe, Bwana. Sijaongeza hata moja."

"Nani amekufundisha kuuweka mtumbwi kabla ya trekta?"

"Hakuna. Mtumbwi ndio uliopita kwanza."

Aliwasha sigara akakumbuka gundi inashika moto, akaizima kwenye kiatu. Nikaona niseme yote. Nikamwambia yule bibi ni dada wa baba yangu.

"Ungeniambia tangu mwanzo."

"Ungempa mtu mwingine akate."

Hakukana. Akafunga rili ya pili ndani ya kopo, akaondoka nayo. Ufunguo wa chumba pia.


Alhamisi, 4 Novemba

Bwana hayupo. Gari ndogo haipo. Champsi anasema alielekea Ikwiriri alfajiri.


Jumamosi, 6 Novemba

Hakuna kazi. Mkononi sina hata kipande. Niseme ukweli hapa, kwa kuwa hakuna atakayesoma: Jumatatu, kabla sijamwonyesha Bwana, nilikifungua kibanio cha picha ya mtumbwi – ile iliyobaki, ya pili, yenye ukungu – nikaikunja niiweke kwenye mkoba wangu. Kama akiiharibu nibaki na ushahidi. Nikakaa nayo kiganjani. Kisha nikairudisha kwenye waya. Nikianza kuiba vipande, sitakuwa mkataji tena hata wakiniandikia barua kumi.

Sasa najiuliza kama nilikuwa mjinga.


Jumatatu, 8 Novemba

Maulidi leo, uwanja wa msikiti. Huseni amesoma mlango mmoja wa kitabu cha Maulidi. Watu wamenyamaza, wengine wamelia. Nilimtazama. Mtu huyu sauti yake ni amana na anajua.

Alipomaliza alikuja kukaa nami. Hakusema habari ya Chumbi. Aliniuliza tu kama shangazi yangu ni mtu mkali. Nani kamwambia? Ambaben, bila shaka, juzi nilimweleza.

Nikamwambia ni mkali, lakini hana kinyongo.


Ijumaa, 12 Novemba

Bwana amerudi. Matope mpaka magotini, uso umeungua. Amekaa Mkongo siku nne na Utete, makao ya wilaya, siku nne. Aliitafuta mivumo, akaipata. Alipima hatua kwa miguu yake.

Ameniambia mambo haya, nayaandika kabla hayajanipotea:

Bwana wa shamba la mfano hataki kusikia. Ana ramani, na kwenye ramani hakuna mkondo. Hachimbi ila akiamriwa na aliye juu yake. Aliye juu yake atamsikiliza Bwana DC. Bwana DC hajaona kitu, amesoma taarifa tu, na taarifa ameiandika bwana wa shamba.

"Kwa hiyo tarehe ishirini ataona," nikasema.

Akaweka kopo mezani. "Iache kama ulivyoikata."

Kisha akatoa karatasi ya Huseni, ile yenye maneno, akatafuta mstari wa bibi anayeshukuru, akaupiga kalamu. Nikangoja aandike mwingine. Hakuandika. Akasema akiandika, itakuwa ni yeye anamlaumu mwenzake kwa maandishi. Picha haimlaumu mtu.

Nikamuuliza hapo Huseni aseme nini.

Asiseme kitu, akajibu.

Alikuwa anatoka, akageuka mlangoni. Ile barua ya cheo, akasema, nisiitarajie mwaka huu. Filamu hii haitapendwa huko Dar es Salaam. Jina la kwanza kuulizwa litakuwa lake, la pili langu.

Nikasema sawa.

Haikuwa sawa. Nimekaa mbele ya waya nikitazama vibanio vitupu, na nimelitamka lile neno peke yangu, mkataji, mara kadhaa. Kisha nimepangusa meza. Kuna maungio mawili kwenye rili ya kwanza ambayo hayajakaza vizuri, yanaweza kuachia kwenye projekta. Nimeyafanya upya.


Alhamisi, 18 Novemba

Mvua ya kwanza, dakika kumi. Bati la Champsi limepiga kelele kama linapigwa mawe.

Huseni amekuja chumbani na karatasi yake. Amegonga mlango – hajawahi kugonga. Amesimama mbali na meza.

"Hapa palipofutwa," akasema, "mimi nikae kimya nusu dakika mbele ya watu wa Mkongo?"

"Bwana ndivyo alivyosema."

"Watacheka tena. Watajua tumeogopa."

Nikamwambia bora kimya kuliko lile la kwanza.

Akaikunja karatasi. Akasema siku ile alikuwa na njaa, jua kali, Bwana anauliza anasema nini, anasema nini, naye akaona aibu kusema sijui. Mtangazaji mzima, hajui. Ndipo akasema anashukuru. Neno moja tu. Hakulifikiria tena mpaka Chumbi.

Nikampa kiti.

Tukakaa. Kisha yeye akauliza – si mimi, nataka nikumbuke kwamba ni yeye – waya wa kipaza sauti una urefu gani.


Jumamosi, 20 Novemba. Mkongo.

Saa kumi. Pazia limefungwa. Gari liko kwenye kivuli cha msikiti. Mawingu upande wa juu wa mto, huku bado.

Shangazi nimemleta ndani ya gari, nikafunika mlango kwa blanketi, nikamwonyesha kwenye mashine ndogo. Hajawahi kujiona.

"Mbona nimezeeka hivi?"

Nikamwambia azungushe mwenyewe. Akazungusha haraka mno, akacheka mkono wake ulivyoruka, kisha polepole. Alipoiona mivumo na mtumbwi aliacha kucheka. "Yule anayesukuma ni Shaban wa Mwanajuma," akasema. "Amekufa Juni." Akaurudisha mtumbwi. Akaurudisha tena. Nikamwacha.

Kisha nikamweleza shauri letu. Rili ya pili, atakapotokea yeye, Huseni atamletea kipaza sauti pale alipokaa.

"Niseme nini?"

"Yale yale uliyosema."

"Nimeyasahau. Nimesema mengi tangu siku ile."

"Utayaona mdomoni mwako."

Alifikiri. Akauliza aseme kwa Kindengereko au kwa Kiswahili. Nikamwambia watu wa hapa wameshayajua. Ni Bwana DC asiyeyajua, na yeye Kiswahili anakisikia.

"Basi Kiswahili," akasema. "Lakini kitakuwa hakiendani na mdomo."

Shangazi! Mambo ya kuendana na mdomo mimi nimechukua miaka minne kuyaelewa.

Saa kumi na moja. Waya haukufika. Umeishia kwenye safu ya pili ya wanaume. Huseni amefungua sanduku lake, ametoa waya wa akiba, tumeuunga – ameshika yeye, mikono imejaa grisi na hakusema kitu. Umefika mpaka mkeka wa akina mama, na umebaki kidogo.

Bwana Heslop amepita, ameuona waya ulivyolazwa mchangani. Ameuliza mbona mrefu hivyo.

Nikasema, ufike kwa akina mama.

Ameufuata kwa macho mpaka mwisho wake, hadi kwenye mkeka aliokaa shangazi. Amenitazama. Nilidhani atasema uondolewe. Amesema tu kuna mtu anaweza kujikwaa, tuufukie kwa mchanga. Akaenda kumpokea Bwana DC.

Saa moja kasoro robo. Naandika ndani ya gari, daftari juu ya goti, kwa mwanga unaovuja kwenye projekta. Rili ya kwanza inazunguka. Watu ni wengi kuliko Chumbi. Bwana DC yuko mbele kwenye kiti, bwana wa shamba kushoto kwake, Bwana Heslop kulia. Huseni anasoma vizuri. Hakuna aliyecheka. Wanangoja – nawaona migongo yao, wanajua nani yumo.

Maungio yote yameshika.

Rili ya pili nimeipachika. Naandika kwa mkono mmoja. Mtumbwi. Jina la Shaban limepita kwa sauti ya chini kutoka mkeka hadi mkeka. Trekta. Mivumo. Huseni amekunja karatasi, anatembea ameinama chini ya mwanga, waya nyuma yake.

Shangazi amekipokea kwa mikono miwili. Bwana wa shamba amegeuka kutazama. Bwana DC hajageuka, macho yako kwenye pazia, kwenye mkono ulionyooka.

Shangazi amekohoa kidogo kwenye kipaza sauti. Kijiji kizima kimesikia.